Chini ya Mikusu ya Ihemelo

Kijiji cha Ihemelo,
Barabara ya Kalenga, Iringa.
Jumapili, 6 Julai 2025

Kwa dada yangu Lea,

Kamwene, dada. Habari za Madibira, habari za mpunga, habari za ng'ombe wa shemeji? Nimewaulizia ng'ombe kabla ya watoto kwa sababu namjua shemeji Bujiku, ukimsomea barua hii atataka kusikia wametajwa. Basi yeye mpe salamu zangu za heshima, na Kashindye, na Esther ambaye naambiwa amekupita kimo. Sisi huku tu wazima, ila baridi ya mwaka huu imetuzidi. Majani ya viazi yameungua yote bondeni, na magoti yangu yameanza kulalamika kabla ya umri wake. Ambrosi anakusalimu. Bado anakoroma na bado anabisha kwamba anakoroma.

Najua utashangaa kupokea barua wakati namba yako ninayo. Nimejaribu kukupigia mara tatu mwezi huu kwa ajili ya jambo hili hili, na mara zote tatu nimeishia kukuuliza kama mvua iliwaharibia mpunga. Nikiisikia sauti yako, nageuza njia. Nimeona bora karatasi, maana haiwezi kunikatiza na mimi siwezi kuikimbia. Atakuletea Sosthenes, yule jirani yetu anayekuja huko na fuso kubeba mpunga. Pamoja na barua anao mfuko mdogo. Nimemwambia akupe barua kwanza, mfuko akupe ukishamaliza kusoma. Usimgombeze, ni mimi niliyemwagiza.

Ya kwanza ni habari njema, nayo nadhani umeisikia redioni: ile kesi ya msitu tumeshinda. Kilima chetu hakitajengwa. Lakini redio ilisema maneno mawili tu ikaenda kwenye mpira, kwa hiyo acha nikueleze ilivyokuwa.

Unaukumbuka upande wa mashariki wa kilima, ule unaotazama mji. Msitu wote ule ni hifadhi tangu babu zetu, na kibao kipo. Mwaka juzi kibao kiling'olewa, na katapila likaja likachonga barabara kutoka kwenye kisima mpaka katikati ya miyombo. Ikaja na ramani ya rangi, imebandikwa ofisi ya kijiji, nyumba za ghorofa zimepangwa mistari na hoteli juu kabisa. Kampuni ikasema ina vibali vyote, kwamba upande ule umeshachoka, ni vichaka vitupu, hauna faida kwa mtu. Mwenyekiti wetu Yotamu alipouliza nani kasema hauna faida, wakamwonyesha ripoti. Ripoti ile ilisema ni sisi wenyewe tuliosema.

Na ni kweli, dada, tulisema. Hapo ndipo aibu yangu ya kwanza ilipo.

Mwaka 2022, mwezi wa nane, msitu umekauka na vumbi limejaa, walikuja wataalamu wa mazingira, vijana wawili wanaume na binti mmoja mwenye kishikwambi. Wakawakusanya wanawake ofisini wakawauliza wanachukua nini upande wa mashariki. Bibi zetu wengi walijibu Kihehe, kwa hiyo nikawekwa mimi kuwa mkalimani, kwa kuwa mimi ndiye msomaji wa somo la kwanza kanisani na watu wanadhani hiyo ni elimu. Sasa wewe unatujua. Mwanamke wa hapa umuulize anachuma wapi uyoga, atakuonyesha upande mwingine bila hata kufikiri, na wewe hutakasirika, kwa sababu kesho utamfanyia hivyo hivyo. Mama si alikuwa anafunika kikapu kwa majani ya maboga ili watu wadhani katoka shambani? Mkikutana wawili msituni, kila mmoja ana vijiti vitatu vya kuni juu ya kikapu, mnasalimiana, mnalalamika kwamba kuni zimekuwa shida, mnaachana.

Basi binti yule aliuliza, na kila mwanamke akasema huko hakuna kitu. Mmoja akasema ni miiba. Verediana, ambaye nusu ya uyoga unaouzwa Iringa mjini unapita mikononi mwake, alisema yeye uyoga anaununua sokoni kama watu wengine. Na mimi, mbali na kutafsiri uongo wa wenzangu, nikaongeza wa kwangu. Nilisema hata mbuzi hatuwapeleki huko kwa sababu ya nyoka. Binti akaandika yote akatushukuru, tukampa mahindi ya kuchoma. Tulirudi nyumbani tukicheka njia nzima, tukaona tumelinda vikapu vyetu.

Kampuni ilitumia maneno hayo kupata kibali. Siku ya kwanza mahakamani wakili wao aliusoma ukurasa ule kwa sauti, na alipofika kwenye nyoka akataja jina langu kamili, akasema maelezo hayo yametolewa na Bi. Faustina, mkazi wa kijiji hicho hicho kinacholalamika leo. Watu wote waliojaza mabenchi waligeuka kuniangalia. Nilitamani sakafu inifunike. Ambrosi aliyekuwa kando yangu alininong'oneza kwamba angalau nimesema jambo ambalo serikali imeliamini, na kwa mara ya kwanza tangu anioe nilimfinya mbele za watu.

Wakili wetu ni dada mmoja Mnyakyusa anaitwa Lugano, ana ofisi Mbeya na alikuwa anakuja na basi la alfajiri kila kesi ikitajwa. Ni mdogo wa umbo ila si wa maneno. Siku ile alitufuata mpaka uani kwa Verediana, akakaa kwenye kigoda, akatuambia kwamba kwa karatasi tumeshashindwa, kilichobaki ni jaji aje aone kwa macho yake. Alieleza kwamba uyoga wetu, hasa wisogolo ule wa njano, hauoti kwenye vichaka vilivyochoka. Unaota pale tu miti ya zamani ya miyombo na mikusu ingali hai, na jaji akiona wanawake wanachuma hapo, ripoti imeanguka. Kisha akauliza nani yuko tayari kumpeleka jaji mahali pake.

Ungekuwepo ungecheka na kulia. Wanawake ishirini na mmoja, wote wamechangia nauli za mashahidi, wote wanataka msitu ubaki, na hakuna hata mmoja aliyejitolea. Mmoja akakumbuka mboga yake ipo motoni. Mwingine akaanza kumtafuta mtoto ambaye alikuwa amembeba mgongoni. Verediana akasema tena kwamba yeye hununua sokoni. Lugano alituangalia mmoja mmoja, akasema kwa upole kwamba anatuelewa, kwao Tukuyu pia kuna mambo hayaonyeshwi, ila katapila halitauliza mahali pa nani kabla ya kupita. Usiku wa siku hiyo sikulala vizuri. Kulipokucha nikampigia simu nikamwambia nitaonyesha mimi.

Verediana aliposikia alinijia nyumbani. Aliniuliza nitaonyesha mahali pa nani. Nikamjibu pangu, nilipapata mwenyewe. Yeye alichuma na mama miaka mingi, kila mmoja njia yake, na anajua ni nani alikuwa na mahali upande wa mashariki. Aliaga, akaenda.

Jaji alipangiwa kuja Desemba, wakili wa kampuni akaugua. Ikapangwa Januari, jaji mwenyewe akaitwa Dodoma. Mimi kila asubuhi nilikuwa napanda kilimani kuangalia, maana mvua ikipungua uyoga unakwisha, na jaji atakuja aone majani tu. Nilikuwa nachuma kidogo na kuacha mwingi, nikaufunika kwa matawi ili watu wasiuone. Nimesali kwa ajili ya uyoga kuliko nilivyosali kwa ajili ya mitihani ya mwanangu Blessing.

Tarehe kumi na tisa Februari walikuja. Jaji ni mama wa makamo, mtulivu, alifika na viatu vya mjini na kilima kimelowa, ikabidi avae buti za mvua za Ambrosi, ambazo zilimzidi, akawa anatembea kwa kuzikokota na hakuna aliyethubutu kutabasamu. Nyuma yake karani na Biblia ndani ya mfuko wa nailoni, mawakili wa pande zote, watu wa kampuni wenye makoti ya kung'aa, Yotamu, na nusu ya kijiji. Niliwapitisha kwenye kisima, nikawapandisha. Tulipofika nikainama, nikaondoa matawi. Wisogolo ulikuwa umejaa, dada, njano tupu chini ya mikusu, kutoka shina la kwanza mpaka la tatu. Jaji alichutama, akashika mmoja, akauliza unapikwaje. Nikamwambia kwa karanga. Akamwambia karani aandike.

Nikaapishwa pale pale, mkono juu ya Biblia, manyunyu yanadondoka kwenye majani. Lugano aliniuliza maswali yake, nikajibu vizuri. Kisha akaja wakili wa kampuni, kijana msafi mwenye adabu, akaanza na nyoka wangu. Akaniuliza niliposema hakuna kitu na ninaposema leo kipo, nimedanganya lini. Nikajibu nilidanganya wakati ule, kwa sababu kwetu uyoga hauonyeshwi mtu. Watu wakacheka, jaji akawanyamazisha. Kisha yule kijana akaniuliza swali moja zaidi. Nitakueleza alichouliza, ila niruhusu kwanza nimalize hukumu, nguvu zinipate.

Hukumu ilisomwa Juni kumi na tisa. Jaji alisema ripoti ile ilifanywa kwa siku moja ya kiangazi, haikuona msitu ulivyo wala kuelewa watu wake, na kibali kilichotokana nayo ni batili. Kampuni imezuiwa kujenga, na barabara waliyochonga lazima waipande miti ya asili. Wamesema watakata rufaa, na Lugano anasema wana haki hiyo, tusilale. Lakini siku ile tulicheza. Yotamu, ambaye unajua miguu yake ilivyo, alicheza mpaka akashikiliwa. Verediana alinikumbatia, akaninong'oneza sikioni kwamba sasa nikuandikie.

Basi nakuandikia. Yule wakili aliniuliza hivi: kama kwenu kudanganya kuhusu mahali hapa ni kawaida, ni nani mwingine uliyemdanganya kuhusu mahali hapa hapa? Nadhani alitaka niwataje wengi, nionekane mwongo wa kudumu. Ningeweza kusema hakuna. Lakini mkono wangu ulikuwa bado una baridi ya ile Biblia, na nilikuwa nimesimama chini ya mikusu ya mama, na Verediana alikuwa ananitazama. Nikajibu nimemdanganya dada yangu Lea, kwa miaka tisa, na kwamba mahali hapa si pangu. Ni pake.

Dada, unakumbuka mazishi ya mama. Uliniita nyuma ya jiko ukaniuliza kama aliacha neno lolote kwa ajili yako. Nikakwambia mwisho hakuweza kusema tena, na mahali pake pa uyoga alikufa napo. Ukaniuliza kama bado alikuwa na hasira kwa sababu uliolewa na Msukuma mwenye ng'ombe ukaenda Usangu, na kwa sababu hakuja kwenye harusi. Mimi nikanyamaza. Ule ukimya wangu ndio uliokujibu. Siku ya tatu ukaondoka kabla matanga hayajaanuliwa, na tangu hapo hujawahi kuja nyumbani mvua zikinyesha.

Mama alisema mpaka siku ya mwisho. Akili yake ilikuwa nzima. Jumanne, siku mbili kabla hajafa, alinishika mkono akaniambia Lea akija nimpandishe kilimani nimwonyeshe mikusu. Alisema mahali pale ni pa Lea, ili kila mwaka mvua zikianza awe na sababu ya kurudi nyumbani. Alisema alikosea kuhusu Bujiku, kwamba alimwona ulipougua uzazi wa Esther, alivyokuwa anakufulia nguo kisimani mbele ya watu bila kuona haya, na kwamba mwanamume yule ni wa kweli. Akaniagiza nikwambie na hilo. Sikukwambia hata moja.

Usitafute sababu kubwa, ni wivu. Nilimuuguza mama miaka miwili, nikimwogesha na kumgeuza, na wakati wote huo yeye alikuwa anauliza Lea kapiga simu? Lea kavuna? Na mwisho, kitu kimoja alichokuwa nacho, anakupa wewe uliye mbali. Nilijisemea nitakuonyesha mwaka ujao, hasira ikipoa. Mwaka ujao hasira ilipoa ikabaki aibu, na aibu imekuwa ngumu kuliko hasira. Nilimwungamia padri mwaka 2019. Aliniambia niende nikamwambie dada yangu ndipo nirudi. Tangu hapo nimekuwa nikienda kuungama parokia ya mjini, ambako padri hanijui.

Na ule uyoga mkavu niliokuwa nakuletea kila mwaka nikisema nimenunua kwa Verediana, ni wa pale. Mwaka juzi uliniambia kwenye simu kwamba uyoga wa Verediana una ladha ya ule wa mama, na kwamba ukiupika unalia kidogo. Nilikata simu nikasingizia mtandao.

Ningependa kusema nimekuandikia kwa sababu nimekuwa mtu mwema. Ukweli ni kwamba nilikusudia kufanya hivyo Februari ile ile nikaogopa, na sasa imeshaandikwa. Lugano ametupatia nakala ya hukumu, na ukurasa wa ishirini na mbili nimekukatia na kuuweka humu ndani ya bahasha. Soma pale nilipopiga mstari. Jaji ameandika kwamba shahidi wa tatu, aliyekiri mbele ya Mahakama kumnyima dada yake aitwaye Lea mahali aliporithishwa na mama yao, hakuwa na sababu ya kujiaibisha kwa jambo lisilo kweli, na kwa hiyo Mahakama inamwamini. Lugano anasema ni mstari huo uliotupa ushindi. Jina lako limebaki pale, dada. Mahakama imeniamini. Wewe sijui kama utaniamini tena, na sina haki ya kukuharakisha.

Mahali penyewe pamekanyagwa. Baada ya jaji kuondoka watu walipanda makundi makundi, wengine wakang'oa uyoga na mizizi yake. Verediana ndiye aliyewafukuza. Sasa anapalinda kwa fimbo, na ukimuuliza anasema anatafuta kuni. Anadhani mvua mbili tatu patarudi kama zamani. Mimi sijapanda tena na sitapanda mpaka ije siku ya kwenda nyuma yako.

Lakini hata usiponijibu, hata usipotaka kuniona, lazima upajue. Kwa hiyo naandika jambo ambalo hakuna mwanamke wa kijiji hiki aliyewahi kuliandika. Ukifika kisimani, acha njia ya katapila, shika ile ya kushoto inayopita kwenye jiwe lililopasuka. Hesabu hatua kama mia mbili mpaka usikie maji tena. Hapo geukia mlima. Utaona mikusu mitatu imesimama karibu karibu, na chini ya wa katikati pana jiwe bapa ambalo mama alikuwa anaweka kikapu akipumzika. Anza kuchuma upande wa juu, ushuke. Uyoga mdogo uache. Mvua ikiwahi, nenda wiki ya pili ya Desemba.

Msalimie sana shemeji Bujiku, na mwambie yale mama aliyosema juu yake, maana nayo nilimwibia. Wabusu watoto. Ambrosi anasema buti zake sasa ni za kihistoria na hataki mtu mwingine azivae, ila wewe ukija atakuazima. Kama Sosthenes hajakupa mfuko, mwambie sasa akupe. Uyoga uliomo ni wa Februari, niliuchuma asubuhi ile kabla jaji hajafika. Upike kwa karanga. Ni wako, na haukuwahi kuwa wa Verediana.

Ni mimi mdogo wako,
Faustina